Vijana wa Carlisle na msimu wa 1912

Kati ya tarehe 21 Septemba na tarehe 28 Novemba 1912, timu ya futiboli ya Kimarekani ya shule ya Carlisle, katika jimbo la Pennsylvania, ilicheza mechi 14. Ilishinda 12, ikatoka sare moja na kushindwa moja. Ilijikusanyia alama 504 huku wapinzani wake wote kwa jumla wakiambulia 114. Wachezaji wake walikuwa Wenyeji wa Marekani, watoto na wajukuu wa watu walionyang'anywa ardhi yao kwa bunduki na kwa mikataba ambayo serikali haikuitimiza. Waliokuwa upande wa pili wa uwanja walikuwa wanafunzi wa vyuo vikuu, wengi wao wakitoka katika familia zenye uwezo, na siku moja ya Novemba walikuwa makadeti wa jeshi lenyewe la Marekani.

Msimu huo husimuliwa kila mara kama hadithi ya mtu mmoja, Jim Thorpe, na sababu yake inaeleweka, kwa kuwa Thorpe alikuwa mwanamichezo wa aina inayotokea mara chache sana. Hata hivyo, kila ninapousoma upya mfululizo wa mechi zile, ninazidi kuamini kwamba masimulizi hayo yanawadhulumu wenzake, na yanamdhulumu hata yeye, kwa sababu yanaufanya ushindi wa Carlisle uonekane kama kipaji cha kuzaliwa nacho, ilhali ulikuwa matunda ya fikra, mazoezi na ujasiri wa kujaribu mambo ambayo timu kubwa ziliyaogopa.

Ni lazima kwanza kuielewa shule yenyewe. Ilifunguliwa mwaka 1879 na afisa wa jeshi, Richard Henry Pratt, katika kambi ya zamani ya kijeshi. Lengo lake halikufichwa: katika hotuba ya mwaka 1892 Pratt alieleza kwamba Uhindi (Wazungu waliwaita Wenyeji wa Marekani Wahindi) uliomo ndani ya mtu uuawe ili mtu mwenyewe aokolewe. Watoto walichukuliwa kutoka mamia ya maili, wakasafirishwa kwa garimoshi, wakakatwa nywele, wakapewa majina ya Kiingereza na kukatazwa kuzungumza lugha zao. Wengi wetu tuliosoma shule za msingi nchini Kenya tunakijua kile kibao alichotundikiwa shingoni mtoto aliyesikika akisema lugha ya mama, na kwa hiyo tunaweza kuhisi kidogo uzito wa jambo hilo. Lakini sisi jioni tulirudi nyumbani, na wale wa Carlisle walikaa miaka bila kuwaona wazazi wao. Katika uhai wake wa karibu miaka 40 shule ilipokea zaidi ya watoto 7,800 kutoka mataifa mengi ya Wenyeji, na makaburi ya wale ambao hawakurudi makwao yanakaribia 200.

Carlisle haikuwa chuo kikuu. Wanafunzi walisoma nusu ya siku na nusu nyingine wakafanya kazi za ufundi, ushonaji, ufuaji na kilimo, na wakati wa likizo walipelekwa kufanya kazi katika nyumba na mashamba ya Wazungu. Hilo ndilo linaloifanya ratiba yao ya mechi kuwa jambo la kushangaza, kwa maana shule ya ufundi ilikuwa ikipambana na vyuo vikuu vya Harvard, Pennsylvania, Princeton na Chicago. Pratt mwenyewe aliwahi kuupiga marufuku mchezo huo baada ya mwanafunzi wake kuvunjika mguu. Mwaka 1893 wanafunzi walimwendea kwa hoja zilizopangwa vizuri wakimwomba aondoe katazo lile, naye akakubali kwa masharti mawili: kwamba hawatampiga mpinzani ngumi kamwe hata wakichokozwa, na kwamba katika miaka michache wawe wameifunga timu kubwa kuliko zote nchini.

Masharti yale hayakuwa mepesi, kwa sababu futiboli ya Kimarekani ya siku zile ilikuwa mchezo wa kusukumana kwa vifua. Wachezaji walijipanga kama kabari na kumsukuma mwenye mpira mbele, wengine wakimkanyaga aliyeanguka, na vijana walikufa viwanjani. Mwaka 1905 hali ilikuwa mbaya kiasi kwamba Rais Theodore Roosevelt aliwaita Ikulu viongozi wa mchezo huo kutoka Harvard, Yale na Princeton. Mwaka uliofuata kanuni zilibadilishwa, na badiliko lililokuja kuwa kubwa kuliko yote lilikuwa ruhusa ya kuurusha mpira mbele kwa mkono. Vyuo vikubwa, ambavyo vilikuwa na wachezaji wazito na desturi zilizozoeleka, viliichukua ruhusa hiyo kwa wasiwasi, hasa kwa vile kanuni za mwanzo ziliadhibu vikali pasi isiyofika.

Carlisle waliichukua kwa mikono miwili. Walikuwa wepesi kwa uzito kuliko karibu kila mpinzani waliyekutana naye, na kwao mchezo uliohamisha ushindi kutoka kwenye vifua hadi kwenye miguu na macho ulikuwa neema. Kocha wao, Glenn Warner, ambaye watu walimwita Pop, alirejea Carlisle mwaka 1907 baada ya kufundisha Cornell, na mwaka huohuo timu yake iliwafunga Pennsylvania 26 kwa 6 mjini Philadelphia kwa pasi ndefu ambazo watazamaji hawakuwa wamewahi kuziona. Wiki chache baadaye waliwafunga Harvard 23 kwa 15, kisha Chicago 18 kwa 4. Ninayataja haya kwa sababu timu ya 1912 haikuzuka ghafla. Ilirithi mtindo uliokuwa umejengwa kwa miaka mitano.

Kabla ya msimu wa 1912 kanuni zilibadilishwa tena, na kwa maoni yangu hapa ndipo mchezo wa leo ulipozaliwa. Uwanja ulifupishwa kutoka yadi 110 hadi 100, ukaongezwa eneo la yadi 10 nyuma ya kila mstari wa mwisho ambamo pasi ingeweza kudakwa. Timu iliyokuwa na mpira, ambayo awali ilipewa majaribio matatu ya kusonga mbele yadi 10, sasa ilipewa manne. Tachidauni, yaani kuuvusha mpira mstari wa mwisho wa wapinzani, ilipandishwa kutoka alama 5 hadi 6, na kikomo cha yadi 20 kwa pasi ya mbele kikaondolewa. Kila badiliko kati ya hayo liliwafaa watu wepesi wenye mbinu.

Kiangazi cha mwaka huo Thorpe alikuwa Stockholm. Alikuwa wa taifa la Sac na Fox, kutoka eneo ambalo leo ni jimbo la Oklahoma, na katika Michezo ya Olimpiki alishinda medali za dhahabu katika pentathloni na dekathloni, yaani mashindano ya michezo mitano na ya michezo kumi. Mwenzake wa Carlisle, Lewis Tewanima wa taifa la Hopi, alipata medali ya fedha katika mbio za mita 10,000, mbio ambazo mashabiki wa Afrika Mashariki hawahitaji kuelezwa uzito wake. Tewanima alikuwa ameletwa Carlisle mwaka 1907 kwa nguvu, baada ya watu wa kijiji chake kuukataa mpango wa serikali wa kuwapeleka watoto wao shuleni, na miaka mitano baadaye Marekani ilimshangilia barabarani kama shujaa wake. Sijui kama ipo picha inayoonyesha utata wa shule ile kuliko hiyo.

Septemba ilipofika, Thorpe akawa nahodha wa timu ya futiboli, lakini hebu tuwatazame na wengine. Mpangaji wa mashambulizi, yule ambaye Wamarekani humwita kwotabeki, alikuwa Gus Welch, Mchippewa kutoka Wisconsin aliyelelewa na bibi yake. Wote waliomwandika wanasifu akili yake ya haraka. Katika safu ya mbele alikuwepo Joe Guyon, naye wa taifa hilohilo lakini kutoka Minnesota, kijana mwenye nguvu na kasi ambaye angeweza kuwa nyota wa timu nyingine yoyote. Alex Arcasa alikimbia na mpira upande mmoja na Thorpe upande wa pili, na Stancil Powell, Mcherokee, alipasua katikati. Joe Bergie alicheza katikati ya safu ya mbele.

Mechi tano za kwanza zilichezwa katika muda wa siku 15. Albright walifungwa 50 kwa 7, Lebanon Valley 45 kwa 0, Dickinson, chuo cha mji huohuo wa Carlisle, 34 kwa 0, na Villanova 65 kwa 0. Kisha, tarehe 5 Oktoba, wakaenda kucheza na Washington na Jefferson, chuo kidogo cha magharibi mwa Pennsylvania, wakatoka 0 kwa 0. Thorpe alijaribu mara kadhaa kuupitisha mpira kwa teke katikati ya milingoti akakosa. Wiki moja baadaye waliwafunga Syracuse 33 kwa 0, kisha Pittsburgh 45 kwa 8.

Ratiba yenyewe inastahili kuzingatiwa. Carlisle walicheza sehemu kubwa ya msimu ugenini, kwa sababu mji wao ulikuwa mdogo na fedha za viingilio zilipatikana katika miji mikubwa. Jumamosi tarehe 26 Oktoba walikuwa Washington, mji mkuu wa Marekani, ambako waliwafunga Georgetown 34 kwa 20. Jumatatu tarehe 28 walikuwa Toronto, nchini Kanada, wakicheza na timu ya huko kwa kanuni zilizochanganywa, za Marekani na za Kanada, wakashinda 49 kwa 1. Alama moja ile ya pekee ni zao la kanuni za Kanada. Jumamosi iliyofuata wakawafunga Lehigh 34 kwa 14. Vijana hawa walikuwa wakilala garimoshini, wakishuka kucheza na kupanda tena, na mapato ya safari zote hizo yaliingia katika mfuko wa michezo ambao wao hawakuwa na sauti juu yake.

Tarehe 9 Novemba walifika West Point, chuo cha maafisa wa jeshi la Marekani.

Ilikuwa imepita karibu miaka 22 tangu mauaji ya Wounded Knee, ya Desemba 1890, ambapo wanajeshi wa Marekani waliwaua Walakota wengi, wakiwemo wanawake na watoto. Inasimuliwa kwamba katika chumba cha kubadilishia nguo Warner aliwakumbusha wachezaji wake kwamba baba na babu za vijana waliokuwa upande wa pili ndio waliopigana na baba na babu zao. Huenda alisema hivyo, na huenda masimulizi yameongezewa chumvi. Ninachoamini ni kwamba hapakuwa na mchezaji wa Carlisle aliyehitaji kukumbushwa. Shule yao yenyewe ilikuwa kambi ya jeshi.

Timu ya West Point ilikuwa nzito na yenye nidhamu. Miongoni mwa wachezaji wake alikuwemo kadeti aliyeitwa Dwight Eisenhower, ambaye miongo mingi baadaye alikuja kuwa rais wa Marekani. Dhidi yao Warner alileta mpangilio mpya. Kwa kawaida wachezaji wa nyuma walisimama nyuma ya safu ya mbele, na mabeki wa upande wa pili waliweza kukisia kutokana na mwelekeo wao mpira ungekwenda wapi. Warner aliwachukua wawili kati yao akawasogeza hadi karibu na ncha za safu ya mbele, mmoja kushoto na mmoja kulia, kama mbawa. Kutoka hapo kila mmoja aliweza kukimbilia mbele kudaka pasi, kumzuia adui, au kurudi nyuma akapokea mpira na kukimbia nao upande wa pili. Beki aliyekuwa akitazama hakuweza kujua lipi lingetokea mpaka lilipokwisha kutokea. Mpangilio wa namna hiyo unahitaji wachezaji wanaotenda kwa wakati mmoja bila kosa, na hapo ndipo mazoezi ya Carlisle yalipoonekana.

West Point walitangulia kwa alama 6, wakakosa teke la kuongeza moja. Carlisle wakajibu, Bergie akivusha mpira mstari, na teke la nyongeza likapita. Hadi mapumziko ilikuwa 7 kwa 6. Mwanzoni mwa kipindi cha pili nahodha wa West Point, Leland Devore, mtu mwenye mwili mkubwa sana ambaye alikuwa amesumbuliwa na Guyon kutwa nzima, alimrukia Guyon na kumuumiza, akafukuzwa uwanjani. Sharti la Pratt la kutorudisha ngumi lilikuwa na umri wa miaka 19, na siku ile nahodha aliyetolewa nje kwa ukatili alikuwa wa upande wa maafisa watarajiwa. Baada ya hapo West Point hawakufunga tena. Carlisle wakashinda 27 kwa 6.

Magazeti ya siku iliyofuata yalijaa jina la Thorpe, na kwa haki: mbio zake zilikuwa za kutisha, na moja kati ya zile nzuri kupita zote ilifutwa na waamuzi kwa kosa la mwenzake. Eisenhower na wenzake walipanga kumkaba wawili wawili, wakashindwa. Lakini zitazameni alama zenyewe. Tachidauni nne zilifungwa siku ile na Carlisle. Moja ilikuwa ya Bergie na tatu zilikuwa za Arcasa. Thorpe, katika mechi inayotajwa kuwa kilele cha maisha yake ya futiboli, hakuuvusha mpira mstari hata mara moja. West Point walipomkimbilia yeye, Welch alimpa mpira Arcasa. Walipohamia kwa Arcasa, Thorpe akapasua. Sioni ushahidi mwingine wenye nguvu kuliko huo kwamba tunazungumza juu ya timu. Wiki moja baadaye Eisenhower aliumia goti katika mechi dhidi ya Tufts, na maisha yake ya kucheza futiboli yakaishia hapo.

Jumamosi hiyohiyo Carlisle walifungwa kwa mara ya pekee msimu ule, 34 kwa 26, na Pennsylvania, timu iliyokuwa tayari imepoteza mechi kadhaa. Walikuwa wamechoka, na Thorpe mwenyewe alilaumiwa kwa kumwacha mpinzani apite nyuma yake akadake pasi. Harvard, ambao hawakufungwa hata mara moja, ndio wanaotajwa zaidi kuwa mabingwa wa mwaka huo. Tarehe 23 Novemba Carlisle waliwashinda Springfield, shule ya ualimu wa michezo ambako mpira wa kikapu ulibuniwa mwaka 1891, kwa 30 kwa 24, na alama zote 30 zilikuwa za Thorpe. Siku ya Shukrani waliwafunga Brown 32 kwa 0, na msimu ukamalizika. Kwa hesabu inayonukuliwa zaidi, Thorpe alifunga tachidauni 25 na alama 198.

Januari 1913 gazeti moja la Massachusetts lilifichua kwamba Thorpe alikuwa amecheza besiboli kwa malipo madogo huko North Carolina mwaka 1909 na 1910. Wanafunzi wengi wa vyuo walifanya hivyo wakati wa likizo, ila walitumia majina ya uongo. Yeye alitumia lake. Katika barua yake ya kukiri aliomba aeleweke kuwa alikuwa mwanafunzi Mhindi asiyezijua taratibu hizo. Alinyang'anywa medali. Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ilizirejesha mwaka 1982, karibu miaka 30 baada ya kifo chake, na mwaka 2022 ndipo ilipomtambua kuwa mshindi pekee wa mashindano yale mawili. Wakuu wa Carlisle walisema hawakujua lolote kuhusu besiboli hiyo. Kwangu mimi dai hilo ni gumu kuliamini, kwa kuwa Thorpe alikuwa ametoweka shuleni kwa misimu miwili mizima na kocha wake ndiye aliyemtaka arudi.

Walioikabili shule baada ya hapo walikuwa wanafunzi wenyewe, na aliyekuwa mstari wa mbele alikuwa Gus Welch. Alisaidia kukusanya saini za zaidi ya wanafunzi 200 wakiomba serikali ichunguze uendeshaji wa Carlisle, na Februari 1914 tume ya Bunge ikafika shuleni chini ya Seneta Joe T. Robinson. Wanafunzi walieleza juu ya adhabu za kupigwa na chakula kibaya, na Welch akatoa ushahidi kuhusu matusi ya Warner na matumizi ya fedha za mfuko wa michezo, fedha zilezile zilizochumwa Toronto, Washington na West Point. Mkuu wa shule, Moses Friedman, aliondolewa. Warner alibaki hadi mwisho wa mwaka huo, kisha akahamia Pittsburgh. Kumshitaki kocha mashuhuri kuliko wote nchini, ukiwa bado unavaa jezi ya timu yake na unalala katika bweni la shule yake, kulihitaji moyo ambao mimi ninauweka juu ya ushindi wowote wa 1912.

Shule ilifungwa tarehe 1 Septemba 1918 na majengo yakarudishwa jeshini. Leo ndipo kilipo Chuo cha Vita cha Jeshi la Marekani, na tangu mwaka 2017 familia zimekuwa zikiruhusiwa kufukua mabaki ya watoto wao na kuwarudisha kwao. Guyon na Thorpe walikutana tena katika timu ya kulipwa ya Canton, na mwaka 1920 Thorpe akawa rais wa kwanza wa chama kilichokuja kuwa ligi kuu ya futiboli ya Marekani. Welch alisomea sheria Dickinson, chuo kilekile walichokifunga 34 kwa 0, akaenda vitani akiwa afisa, na mwaka 1919 akaajiriwa kuwa kocha mkuu wa chuo cha jimbo la Washington, kazi aliyoishika hadi 1922.